Tulivyomtafuta Shahidi wa Meli Mpaka Basotu

Tangu nirudi sokoni mnaniuliza kwa zamu, mara kwenye meza ya viatu, mara kwenye foleni ya choo: Mama Neema, ilikuwaje ufunge banda la mitumba wakati wa mavuno, watu wana hela mfukoni, uende kuzurura Hanang na mzee mwenye fimbo? Nimechoka kusimulia vipande vipande, na kila mmoja anaongeza chumvi yake. Naandika yote hapa. Mpokezane, na atakayepaka karatasi hizi mafuta ya maandazi tutakosana.

Babati hadi Nambis

Nilipanda kwenda nyumbani Nambis nikiwa na furaha, kupanga harusi ya binti yangu Neema. Mnajua kwetu Wairaqw padri akimaliza kazi yake kanisani, bado kuna kazi ya wazee nyumbani. Maharusi wanakalishwa uani, mzee mmoja anasimama na kibuyu cha pombe ya asali, anaomba baraka kwa maneno marefu huku wenzake wakiitikia, kisha anawapulizia ile pombe. Anayeomba lazima awe na mdomo safi. Mwongo akiomba, baraka inageuka njiani.

Neema alishasema anataka aombewe na babu yake, baba yangu, Mzee Amnaay. Ndiye aliyemlea mimi nikihangaika na minada. Basi nilidhani nitamkuta mzee anafanya mazoezi ya kuomba. Nikamkuta nyuma ya zizi, ameketi juu ya jiwe, makande yamepoa mbele yake.

"Margwe amekataa," aliniambia. "Amesema mbele ya wazee wote kwamba mdomo wangu si safi."

Damu ilinipanda. Mzee Margwe ni jirani yetu, walichunga ndama pamoja na baba. Nilikwenda kwake moja kwa moja, kanga imenikaa upande, lakini adabu ni adabu.

"Shikamoo, Mzee Margwe."

"Marahaba, mwanangu. Najua kilichokuleta. Kaa."

Sikukaa. Nikamuuliza baba yangu amedanganya nini.

"Meli," alisema. "Mimi simchukii baba yako. Lakini tangu Vita vya Pili vya Dunia viishe anatuambia alikuwa kwenye meli ya jeshi. Meli zipo, nimeziona kwenye kalenda ya dukani. Mtu wa Nambis alikwenda kufanya nini huko? Tena anasema waliona samaki mkubwa kama kanisa letu, wakampiga kwa mzinga. Kama kanisa, mwanangu! Njia ya mwongo ni fupi. Niletee mtu mmoja tu aliyekuwepo, na mimi mwenyewe nitamkabidhi kibuyu."

Nilirudi nikamuuliza baba kama yupo mtu kama huyo duniani. Akasema yupo, Mbarbaig mmoja wa Basotu, anaitwa Gidamur. Walichukuliwa vitani pamoja, wakapanda meli moja, na waliporudi wakaachana Mbulu mjini. Hawakuonana tena. Kila mwaka baba alisema akimaliza kuvuna atakwenda kumsalimu, na kila mwaka kulikuwa na mavuno.

Mimi ni mtu wa biashara, sipendi mzigo ukae. Nikasema kesho tunaondoka.

Nambis hadi Haydom, juu ya vitunguu swaumu

Usafiri tulioupata ni lori la vitunguu swaumu. Mimi na baba tulikaa juu ya magunia, pamoja na mwalimu mmoja aliyehamishiwa Haydom na mama mwenye kuku wawili. Nilikuwa na furushi dogo la mitumba, maana siwezi kusafiri mikono mitupu. Harufu ile ilituingia mpaka kwenye mawazo. Mpaka leo mkinipita mnaziba pua, msidhani sioni.

Baada ya Dongobesh lori likakohoa, likatoa moshi, likasimama. Dereva, Sulle, alifungua boneti akaangalia ndani kwa muda mrefu sana, kisha akatangaza kwamba mkanda wa feni umekatika na wa akiba alimwazima mtu. Simu za mkononi zilikuwa zimefika Babati, lakini pale mlimani mtandao ulikuwa wa kunguru tu. Tukakaa.

"Kobe nayo ilikuwa hivihivi," baba alisema.

Mwalimu akauliza Kobe ni nani. Hapo ndipo mzee wangu alipofunguka, nami nikasikia kwa mpangilio habari ambazo utotoni nilizisikia nusunusu nikisinzia.

Meli hiyo ilikuwa na jina refu la Kizungu ambalo hakuna aliyeliweza. Watu wetu waliiita Kobe kwa sababu ya mwendo wake. Kabla ya vita ilikuwa meli ya wafanyabiashara, ikibeba mbao. Vita vilipoanza jeshi la majini likaichukua, likaipaka rangi ya kijivu, likaifungia mzinga mmoja nyuma, likasema sasa ni meli ya vita. Kwa maneno mengine, ilikuwa meli ya mtumba.

Baba na Gidamur walichukuliwa na jeshi wakiwa vijana, wakapelekwa Mombasa wawe makuli wa Kobe. Walipakia makaa, risasi, nyama ya kopo na punda wa jeshi. Punda walikabidhiwa Gidamur kwa sababu aliwaambia Wazungu kwamba mifugo ndiyo shule yake. Safari moja walibeba shehena nzima ya viatu vya askari mpaka kisiwa cha Siloni. Walipofungua masanduku, viatu vyote vilikuwa vya mguu wa kushoto. Kobe ikageuza, ikarudi Mombasa polepole kufuata vya kulia.

"Walivipata?" mwalimu aliuliza.

"Tulivipata. Lakini tulipovifikisha, askari walishaondoka kwenda Burma wakiwa wamevaa vya zamani."

Watu walicheka, hata kuku wakashtuka. Baba akaendelea. Injini ilikuwa ikizima katikati ya bahari, wakielea siku nzima bila kujua wanasogea au wamesimama. Adui hawakumwona hata mara moja. Mzinga ule ulipigwa mara moja tu vita vyote. Kapteni aliona kitu cheusi kimeinuka majini, akalia "nyambizi!", Gidamur akapokezana risasi na wenzake, mzinga ukalia, punda wakavunja kizuizi. Kumbe ni samaki. Akarusha maji juu kama mtu anayetema, akazama zake.

"Mlimpata?"

"Tulikosa," baba alisema. "Tulipiga maji."

Vita vilipoisha, Kobe iliegeshwa, ikashika kutu, ikauzwa chuma chakavu. Baba huamini kwamba sufuria ya mama yangu ya kupikia ugali imetoka humo, na hapo sina ushahidi wowote.

Sulle alikuwa amesikiliza yote huku anakodolea macho furushi langu. Akaniuliza kwa upole kama nina soksi ndefu za kike, zile za nailoni. Nilikuwa nazo, nzuri, za kuendea kanisani. Alizisokota, akazifunga pale palipokuwa na mkanda, na lori likatufikisha Haydom kwa miguu ya mwanamke nisiyemjua wa Ulaya.

Haydom hadi Basotu

Asubuhi tulipata trekta lenye tela, likirudi kwenye mashamba makubwa ya ngano. Dereva wake alituambia shamba lilikuwa la serikali, sasa linauzwa, lakini anayenunua hajulikani. Mshahara wake nao ulikuwa hauna mwenyewe, kwa hiyo alikuwa akibeba abiria.

Tulipoingia kwenye uwanda, ngano ilikuwa imeiva. Upepo ulipita juu yake ikainama na kuinuka, ikainama na kuinuka, mpaka macho yalipoishia. Baba alisimama kwenye tela akashika ukingo kwa mikono miwili.

"Tazama, mwanangu," aliniambia. "Bahari ndiyo hii."

Sijawahi kuiona bahari, na nilitaka kumwambia neno zuri. Kabla sijalipata, mzee alikuwa ameinama ukingoni anatapika makande yote ya kwa mama lishe wa Haydom. Dereva akasimamisha trekta kwa hofu. Baba akajifuta mdomo, uso unang'aa kwa furaha.

"Umeona?" alisema. "Mwongo hatapiki hivi."

Kulizunguka ziwa

Basotu tulifika na njaa. Wavuvi wa ziwani walikuwa wakikaanga perege, tukala kwa ugali mpaka tukalamba vidole. Kisha tukaanza kumtafuta Gidamur.

Boma la kwanza lilikuwa karibu tu. Tuliwakuta wanawake watatu, wamevaa sketi zao za ngozi na bangili za shaba, wakatukaribisha vizuri wakatupa maziwa mgando kwenye kibuyu. Niliona wanakaa mbali kidogo, nikadhani ni aibu. Baada ya salamu nikauliza kwa sauti yangu ya mnadani, "Jamani, kwa Mzee Gidamur ni wapi?"

Wote watatu waliziba midomo. Mmoja akageuka akakimbilia ndani. Mkubwa wao akatazama chini, akasema, "Sijui."

"Gidamur," nilirudia, nikidhani hakusikia. "Aliyekwenda vitani. Gi-da-mur!"

Yule mkubwa akainuka, akachukua kibuyu chake, na mazungumzo yakawa yameisha.

Tuliondoka nimekasirika. Nikamwambia baba watu wa hapa wana roho ngumu. Boma la pili tukaambiwa na mwanamke mwingine vilevile kwamba hajui, huku anacheka kiganjani. La tatu mzee mmoja akasema, "Mbona mmempita? Rudini mlikotoka." Nikadhani anatufukuza. Tukaendelea mbele. Jua likatuchoma, mbigili zikatuchoma, baba akawa anachechemea na mimi nikawa nalaumu kila kitu, hata perege. Tuliizunguka sehemu kubwa ya ziwa lile. Alasiri tukatokea tena kwa wavuvi wetu wa mwanzo.

"Mmemkosa?" mvuvi aliuliza. "Si mlikuwa kwake? Nimewaona mnakunywa maziwa."

Niliketi chini palepale. Mimi, ninayewauzia wake za Wabarbaig mitumba kila mnada! Najua kabisa kwamba mwanamke wao aliyeolewa hatamki jina la baba mkwe wake wala la mzee wa ukoo wa mumewe, wala neno linalofanana nalo. Wanazunguka maneno kama mtu anayezunguka shimo. Na mimi nimekwenda kumpigia mkaza mwana kelele ya jina hilo usoni, silabi kwa silabi.

Tulirudi bomani kwa haya. Safari hii niliuliza kwa kuinamisha kichwa, "Mama, babu wa watoto hawa yupo?"

"Yupo," alijibu yule mkubwa, akacheka kwa mara ya kwanza. "Alikuwa amelala humo ndani mkinywa maziwa. Mliuliza vibaya. Tena mlinuka samaki."

Kwao samaki si chakula. Ndiyo maana walikaa mbali.

Kwa Gidamur

Alitoka mzee mrefu, mwembamba, shuka jeusi begani. Baba alisimama. Wakatazamana, na nikaona wazi hawajuani. Miaka ilikuwa imewabadilisha wote wawili kabisa.

Baba akainua mguu wake mmoja, akaupigapiga kwa fimbo.

"Wa kushoto," alisema.

Yule mzee alifumba macho. "Wa kushoto," alisema. Kisha kwa nguvu, "Yote ya kushoto! Amnaay!"

Walishikana wakacheka mpaka wakalia, na mimi nikalia, na mkaza mwana ambaye hakuelewa lolote akalia pia. Nilijua kazi imekwisha. Nilianza hata kuhesabu sufuria za pilau.

Usiku tulimweleza kesi ya kibuyu na siku ya harusi, lakini nilikuwa nimefurahi mapema. Kumbe Gidamur naye alikuwa na kesi yake. Kwa Wabarbaig, mwanaume aliyeua mnyama wa kutisha, simba au tembo, akaleta mkia kama ushahidi, alikuwa anapita kwa ndugu zake akipewa ng'ombe, na kuvalishwa mapambo ya heshima. Gidamur alirudi kutoka vitani akatangaza ameua mnyama kuliko tembo. Wazee wake wakamuuliza, mkia uko wapi? Akasema umezama. Wakamuuliza, mnyama gani? Akasema samaki. Basi wanamcheka mpaka leo. Wanawe wenyewe walikuwa wakimheshimu kwa yote isipokuwa hilo.

Asubuhi aliwaita wazee wa jirani. Wakakaa kwenye kivuli cha zizi, na yeye akasimama.

"Mlisema sina shahidi. Huyu alikuwepo. Amnaay, waambie. Mimi niliushika ule mzigo wa moto kwa mikono hii nikaupeleka kwenye mzinga. Samaki alikuwa mkubwa?"

"Mkubwa sana," baba alisema. "Kama kanisa."

Wazee wakaguna kwa mshangao. Gidamur akavimba kifua.

"Na alikufa?"

Mimi nilikuwa nimekaa nyuma ya baba, nikamfinya mgongoni.

"Gidamur," alisema polepole, "tulikosa."

"Alizama!"

"Alizama kwa kupenda. Mimi nilimwona mkia. Aliutikisa."

Gidamur alimvuta pembeni, nami nikafuata bila kualikwa. "Sikiliza," alisema. "Nitakuja kwenu. Nitawaambia watu wako kila kitu, meli, viatu, samaki. Lakini wewe kwanza rudi pale useme neno moja. Alikufa. Samaki hana ndugu wa kuja kudai."

Nilimsihi baba. Nilimwambia, neno moja tu, Neema anakusubiri, samaki mwenyewe hata kaburi hana. Baba alinitazama kama vile ni mimi niliyetapika.

"Nimekuja huku kutafuta mdomo safi," alisema. "Nirudi nao mchafu?"

Gidamur alijifunika shuka akaingia ndani. Hakutoka kutuaga.

Kurudi

Tulirudi kwa njia ya Katesh, kwa basi. Mlima Hanang ulikuwa upande wetu kwa muda mrefu na hakuna aliyeutazama. Nilikuwa na hasira na baba, na chini ya hasira nilikuwa namwonea fahari. Alisema maneno machache tu, kwamba Neema asiambiwe sababu.

Siku ya harusi mlikuwepo baadhi yenu, lakini mlikuwa jikoni mkionja nyama. Tuliporudi kutoka kanisani, Neema na mumewe wakakalishwa uani. Mzee Margwe alishika kibuyu. Baba aliketi mstari wa nyuma, karibu na kuku. Neema alikuwa anageuka kumtafuta, shela linamwanguka, na mimi nilishindwa kumtazama mwanangu.

Margwe alikuwa amekohoa mara mbili kusafisha koo wakati watu walipoanza kupisha njia. Mzee mrefu mwenye shuka jeusi alikuwa anaingia, vumbi mpaka magotini. Nyuma yake alikuja yule mkaza mwana wake mkubwa, na bangili zake zote.

"Ninamtafuta mwenye kibuyu," alisema.

"Ni mimi," Margwe alisema.

"Mimi ni Gidamur wa Basotu. Mnataka kujua kama huyu alikuwa kwenye meli. Alikuwa. Lakini sikuja kwa ajili ya meli." Alimnyooshea baba fimbo. "Mtu huyu alikuja kwangu akiwa na shida. Nikamwambia, nipe uongo mmoja mdogo, nikupe kila unachotaka. Binti yake alimfinya, nilimwona. Akakataa. Nililala na hasira. Baadaye nikajiuliza, mimi katika umri wangu nimemwona nani mwingine akikataa? Kama mdomo ule si safi, basi safi haipo."

Margwe alitazama kibuyu, akamtazama baba, kisha akavuka uwanja mwenyewe, akakiweka mikononi mwake. Alikuwa amesema atafanya hivyo, na alifanya.

"Ila nataka kujua," Margwe alinong'ona, kwa sauti ambayo tuliisikia wote. "Samaki alikuwepo kweli?"

"Alikuwepo," Gidamur alisema. "Tukamuua."

"Tulimkosa," baba alisema.

Halafu aliomba. Aliombea mvua, watoto, ng'ombe na mipaka ya mashamba, wazee wakiitikia kwa pamoja. Kisha akasema maneno ambayo hayamo katika maombi ya mababu. Aliwaombea wanangu waende kama Kobe, polepole, na injini ikizima katikati asiwepo wa kurukia majini, waelee tu mpaka iwake. Akawapulizia pombe ya asali. Neema alilowa uso, mafuta yake ya duka yakatiririka, na sijamwona akiwa mzuri zaidi ya hapo.

Gidamur alipotaka kuondoka, baba alikwenda zizini akatoka na mtamba mwekundu, yule ninayempenda.

"Huyu si wa samaki," alimwambia. "Ni wa kuja kwako."

Gidamur alishika kamba, akampapasa mtamba shingoni.

Wiki iliyopita nilikuwa mnadani Katesh. Nikasikia kuna mzee wa Basotu anapita boma hadi boma na mtamba mwekundu, akisema Wairaqw wa Nambis wamemheshimu kwa kuua mnyama wa baharini, na kwamba tayari jamaa zake wawili wameona aibu wakaongeza ng'ombe wao. Nilipanda Nambis kwa hasira kumwambia baba.

Alinisikiliza mpaka mwisho, huku anatafuna.

"Umemsikia yeye mwenyewe akisema hivyo?"

"Hapana. Nimesikia kwa watu."

"Basi," baba alisema, akavuta sahani ya makande karibu, "usiniletee habari hizo mpaka umpate shahidi."